Shekhar Mehta na Hesabu ya Dakika

Chandrashekhar Mehta, ambaye ulimwengu wa mbio za magari ulimjua kwa jina fupi la Shekhar, alizaliwa Uganda tarehe 20 Juni 1945 katika familia tajiri yenye asili ya Kihindi. Alifariki dunia jijini London tarehe 12 Aprili 2006 akiwa na umri wa miaka 60. Kati ya tarehe hizo mbili alishinda Safari Rally mara tano: mwaka 1973, kisha 1979, 1980, 1981 na 1982 mfululizo. Idadi hiyo hutajwa kila anapotajwa, na ni haki itajwe. Hata hivyo, ikitajwa peke yake humfanya Mehta aonekane kuwa dereva aliyewapita wenzake wote kwa kasi, ilhali sivyo. Miongoni mwa aliowashinda wamo waliokuwa mabingwa wa dunia na ambao, katika barabara nyingine yoyote, wangemwacha nyuma. Mehta aliwashinda kwa sababu alifahamu, kuliko takriban wote walioshindana naye, ni kitu gani hasa ambacho mbio zile zilikuwa zikikipima.

Ili jambo hilo lieleweke, hapana budi kwanza kutenganisha aina mbili za mbio za magari. Ziko mbio fupi, ambazo mshindi wake hujulikana baada ya saa moja au mbili. Ziko pia mbio za ustahimilivu, ambazo humjaribu dereva, injini, breki na springi kwa saa nyingi, hata siku kadhaa. Mfano mashuhuri wa aina hii ya pili ni mbio za saa 24 za Le Mans, nchini Ufaransa, zilizoanza mwaka 1923. Huko magari ya uwezo tofauti huondoka pamoja na kuzunguka njia moja mchana na usiku, lakini kila gari huwa na daraja lake, na kila daraja huwa na mshindi wake. Gari dogo laweza kupitwa na kubwa mara nyingi usiku kucha, na siku ya pili likapewa kombe la daraja lake kwa haki kabisa. Miongoni mwa madaraja hayo limo lile la magari ya GT. Herufi hizo ni ufupisho wa maneno ya Kiitaliano, gran turismo, yaani safari kubwa. Gari la namna hiyo lina kasi, aghalabu lina viti viwili, na asili yake halikuundwa kwa ajili ya uwanja wa mbio bali limfikishe mwenyewe mbali, pamoja na mzigo wake, bila kumchosha.

Afrika Mashariki ilipata mbio zake za ustahimilivu mwaka 1953, wakati Kenya, Uganda na Tanganyika zilipokuwa chini ya Uingereza. Ziliitwa Coronation Safari kwa heshima ya kutawazwa kwa Malkia Elizabeth wa Pili. Waanzilishi wake hawakuyapanga magari kwa ukubwa wa injini kama ilivyokuwa desturi ya Ulaya. Waliyapanga kwa bei zake dukani. Mwaka ule wa kwanza hapakuwa na mshindi mmoja wa jumla, bali washindi wa madaraja. Uamuzi huo ulikuwa na busara ya aina yake. Mnunuzi wa Nairobi au Kampala hakuhangaishwa sana na ujazo wa injini. Alitaka kujua ni gari lipi, kwa kiasi cha fedha alizokuwa nazo, ambalo lingemfikisha nyumbani. Viwanda navyo vililijua hilo upesi. Gari lililoshinda wakati wa Pasaka lilipata sifa ambayo hakuna tangazo la gazeti lingeweza kuinunua, na si ajabu kwamba Peugeot 404 na 504, zilizotamba katika mbio hizo, ndizo zilizobeba abiria wa Kenya kwa miaka mingi kati ya mji na mji. Baadaye mpangilio wa bei uliachwa, mbio zikatambuliwa kimataifa na kufuata makundi yaliyotumika duniani kote. Mwaka 1960 jina lake likawa East African Safari Rally.

Kanuni ya msingi ilikuwa nyepesi kuieleza. Kati ya kituo kimoja na kingine ulipangwa muda maalumu. Aliyechelewa aliandikiwa dakika za adhabu, na aliyemaliza safari nzima akiwa na dakika chache kuliko wote ndiye aliyeshinda. Barabara hazikufungwa. Dereva wa mashindano alikutana na basi, mkokoteni, ng'ombe na watoto wa shule, na akaendelea hivyo kwa siku nne au tano, mchana na usiku, katika mwendo uliofika kilomita 5,000 na kupita. Mbio zilipangwa wakati wa Pasaka, masika yanapoanza, na watayarishaji walifurahi mvua iliponyesha. Mkazi wa Kisegi, au wa mahali popote kati ya Homa Bay na Migori, aliyewahi kuuona udongo mweusi wa bonde la Lambwe ukilowa, hahitaji kuelezwa zaidi. Udongo wa namna hiyo ukikauka hupasuka. Ukinyeshewa hulishika gurudumu, huijaza nafasi iliyo juu ya tairi na kulizuia lisizunguke. Hapo gari lenye nguvu nyingi huzama upesi kuliko lile la kadiri, kwa kuwa mwenye nguvu huzitegemea. Mwaka 1963 magari saba tu ndiyo yaliyomaliza mbio. Mwaka 1968, saba tena. Katika miaka yote miwili mshindi alikuwa Nick Nowicki katika Peugeot 404, gari ambalo Ulaya mtu angelitumia kupelekea familia sokoni.

Hiyo ndiyo shule ambayo kijana Mehta aliingia. Alianza mashindano akiwa na umri wa miaka 21, akiendesha BMW. Kwamba alitoka katika nyumba yenye uwezo ni kweli, na hapana haja ya kulificha: mchezo huu ni ghali, na dereva maskini, hata awe hodari namna gani, hakuwa na mahali pa kuanzia. Katika miaka ile wengi wa walioshiriki walikuwa Wazungu walioishi Afrika Mashariki na watu wenye asili ya Kihindi waliokuwa na gereji, mashamba au biashara. Joginder Singh, mzaliwa wa Kericho mwaka 1932, alikuwa amekwisha kushinda mwaka 1965 katika Volvo, akiwa fundi aliyelijua gari kwa mikono yake. Mehta hakutoka chini ya gari kama Joginder. Alitoka nyuma ya usukani. Tofauti hiyo ilizungumzwa sana na mashabiki, na wapo waliomwona Mehta kuwa mtoto wa tajiri aliyekuja kucheza.

Mwaka 1971 dhana hiyo ilianza kufifia. Kampuni ya Datsun ya Japani, iliyokuwa imeshinda mwaka uliotangulia kwa gari aina ya 1600 SSS, ilileta gari jipya, 240Z. Hilo lilikuwa gari la GT kwa maana kamili ya neno: viti viwili, boneti ndefu, injini ya silinda sita yenye ujazo wa lita 2.4. Wengi wangedhani kwamba gari la namna hiyo, lililo karibu na ardhi na lenye umbo la kupendeza, lingefia katika mashimo ya kwanza. Halikufa. Edgar Herrmann alishinda nalo, na Mehta, akiwa na mwelekezi wake Mike Doughty, akawa wa pili katika gari la aina hiyohiyo. Alikuwa na umri wa miaka 25, na alikuwa bado mtu wa Uganda.

Tarehe 4 Agosti 1972, Idi Amin alitangaza kwamba watu wenye asili ya Asia waondoke Uganda, akawapa siku 90. Makumi ya maelfu waliacha nyumba, maduka, mashamba na makaburi ya wazee wao. Tangazo hilo nalo lilikuwa upangaji wa madaraja, ingawa haukuhusu magari: mtu hakuulizwa alizaliwa wapi, anafanya kazi gani wala anaipenda nchi gani, aliangaliwa nasaba, akaingizwa katika kundi, na kundi likaamriwa kutoka. Familia ya Mehta ilikuwa miongoni mwa waliotoka. Wengi walikwenda Uingereza, Kanada na India. Yeye alihamia Kenya, nchi ambayo barabara zake alikuwa akizijua kwa dakika na kwa kona, na ambayo tangu hapo ndiyo iliyoandikwa mbele ya jina lake kila aliposhindana.

Miezi minane baada ya tangazo lile, wakati wa Pasaka ya mwaka 1973, Mehta aliondoka Nairobi akiwa katika Datsun 240Z, safari hii akiwa na mwelekezi Lofty Drews. Mbio hizo zilikuwa za 21 tangu mwaka 1953, na zilikuwa za kwanza kuhesabiwa katika Ubingwa wa Dunia wa mbio za namna hiyo, ulioanzishwa mwaka huohuo. Ubingwa wenyewe haukuwa wa madereva bado, bali wa viwanda. Kwa hiyo walikuja Waswidi na Wafini waliozoea theluji, wakiwa na magari yaliyoandaliwa na viwanda vyenyewe, na kila mmoja alijua kwamba alama za Nairobi zina thamani sawa na za Monte Carlo. Hesabu za mwisho zilipofanywa, Mehta na Mswidi Harry Källström, aliyeendesha Datsun 1800 SSS, walikutwa na dakika za adhabu zinazolingana. Baada ya siku kadhaa na maelfu ya kilomita, hapakuwa na hata dakika moja ya kuwatenganisha. Ikabidi kanuni ifunguliwe. Kanuni ilisema kwamba wakilingana, atangulizwe yule aliyekwenda mbali zaidi kabla ya kuandikiwa adhabu yake ya kwanza. Huyo alikuwa Mehta.

Ushindi huo waweza kuitwa bahati na mtu asiyeutazama vizuri. Kwa hakika kanuni ile ilikuwa ikiuliza swali moja tu: ni nani aliyefika kwa wakati, kituo baada ya kituo, kabla barabara haijamshinda? Haikuuliza nani alikimbia zaidi mwishoni. Mtu aliyekuwa amefukuzwa nchi yake mwaka uliotangulia alishinda kwa kufika kwa wakati. Tena wote wawili waliendesha magari ya kiwanda kimoja, mmoja gari la GT la viti viwili, mwingine gari la familia la milango minne au miwili kama yale yaliyoegeshwa mbele ya ofisi za Nairobi. Mtu angetarajia la kwanza liliache la pili mbali sana. Barabara iliyasawazisha hadi dakika ya mwisho.

Miaka mitano iliyofuata haikumpa kitu katika Safari. Mwaka 1974 na 1976 Joginder Singh alishinda katika Mitsubishi Colt Lancer, gari dogo lenye injini ya lita 1.6, akafikisha ushindi wa tatu. Mwaka 1975 alishinda Ove Andersson katika Peugeot 504. 1977 Björn Waldegård katika Ford Escort. 1978 Jean-Pierre Nicolas, tena katika Peugeot 504. Mehta alikuwa amekwisha kupita umri wa miaka 30, na palikuwa na kila sababu ya kudhani kwamba jina lake litabaki katika kumbukumbu kama mtu wa ushindi mmoja uliopatikana kwa kanuni. Wakati huo mbio zenyewe zilikuwa zimebadilika. Uganda na Tanzania zilikuwa zimetoka katika ramani yake, na jina lake likawa Safari Rally tu, mbio za Kenya. Jumuiya ya Afrika Mashariki ilipovunjika mwaka 1977, mbio zilikuwa zimekwisha kuvunjika kabla yake.

Katika kipindi hicho magari ya mashindano yalipangwa katika makundi yaliyopewa namba, na ni vyema kuyaeleza kwa kuwa ndiyo yaliyoamua nani anaendesha nini. Kundi la 1 lilikuwa la magari ya kawaida ya abiria, na kiwanda kilitakiwa kiwe kimetengeneza angalau magari 5,000 ya aina hiyo. Kundi la 2 lilikuwa la magari ya abiria yaliyofanyiwa marekebisho, yenye sharti la magari 1,000. Kundi la 3 lilikuwa la magari ya GT ya kawaida, nayo 1,000. Kundi la 4 lilikuwa la magari maalumu ya GT, ambayo tangu mwaka 1976 yalitakiwa kufika 400 tu. Shabaha ya masharti hayo ilikuwa kuzuia kiwanda kisitengeneze gari moja la ajabu kwa ajili ya kombe na kudai kwamba ni lile linalouzwa dukani. Lakini kila sharti lina mlango wake wa nyuma. Gari la familia liliweza kufunguliwa, likatiwa injini kubwa zaidi, gea nyingine na mhimili mwingine, likaingia Kundi la 4 na kuhesabiwa kuwa gari la GT, ingawa kwa sura lilibaki lile la mwalimu mkuu wa shule ya sekondari. Usemi kwamba kilemba hakimfanyi mtu kuwa shehe ungewafaa sana wakaguzi wa miaka hiyo.

Gari la Mehta la mwaka 1979 lilikuwa la namna hiyo hasa. Datsun 160J, iliyojulikana pia kwa jina la Violet, ilikuwa gari fupi la kawaida lenye silinda nne. Halikuwa na uzuri wa 240Z. Mbele yake kulikuwa na Mercedes-Benz 450 SLC, gari kubwa la kifahari lenye injini ya silinda nane na ujazo wa lita tano, lililoletwa kwa gharama ambayo magazeti ya Nairobi hayakuchoka kuishangaa. Mmoja wa madereva wa Mercedes alikuwa Mfini Hannu Mikkola, aliyekuwa mshindi wa Safari ya mwaka 1972 na ambaye baadaye, mwaka 1983, angekuwa bingwa wa dunia. Mehta, akiwa tena na Mike Doughty, alishinda. Mikkola alikuwa wa pili. Mwaka 1980 Mercedes zilirudi, na Mehta akashinda tena. Mwaka 1981, katika Violet GT, akashinda. Mwaka 1982, katika mbio za 30, akamshinda Mjerumani Walter Röhrl katika Opel Ascona 400, mwaka ambao Röhrl aliumaliza akiwa bingwa wa dunia.

Wapo waliosema, na wapo wanaosema hadi leo, kwamba ushindi ule mfululizo ulikuwa rahisi kwa sababu viwanda vingi vya Ulaya viliikwepa Safari, kwa kuwa iligharimu fedha nyingi na kuvunja magari. Hoja hiyo ina ukweli kiasi. Ni kweli kwamba orodha ya wageni haikuwa ndefu kila mwaka. Lakini Mikkola na Röhrl hawakuwa wapita njia, wala Rauno Aaltonen, Mfini aliyekuwa na akili ya uhandisi na uzoefu wa miaka mingi, ambaye mwaka 1980 na 1981 alikuwa wa pili nyuma ya Mehta akiwa katika timu hiyohiyo ya Datsun. Aaltonen alikuwa na gari lilelile, mafundi walewale na ramani zilezile. Alikuwa wa pili mara kadhaa katika maisha yake na hakuwahi kuishinda Safari hata mara moja. Anayetaka kusema kwamba gari ndilo lililoshinda na amweleze kwanza Aaltonen.

Siri, kama ipo, ilikuwa katika namna ya kuitumia adhabu. Wageni wengi walifika Kenya wakiwa na desturi ya kuiona kila dakika kuwa hasara, kwa hiyo waliikimbilia kila dakika. Mehta aliendesha kama mtu mwenye mfuko wa dakika ambazo ni lazima zitumike. Kazi yake ilikuwa kuchagua atazitumia wapi. Kupunguza mwendo kabla ya mto uliofurika kungemgharimu dakika mbili. Kuvunja springi ndani yake kungemgharimu arobaini. Hesabu hiyo ni nyepesi mtu akiwa mezani. Si nyepesi saa tisa usiku, baada ya siku mbili bila usingizi wa maana, huku taa za mshindani zikionekana kwenye kioo. Mwelekezi ndiye aliyeshika upande wa pili wa hesabu hiyo, na ni dhuluma kwamba majina ya waelekezi husahauliwa. Doughty alikaa kando ya Mehta katika ushindi wote minne mfululizo. Katika mashindano mengi ya nchi za nje aliyekaa kando yake alikuwa mkewe, Yvonne, ambaye alikuwa mwelekezi kwa haki yake mwenyewe na si abiria wa heshima. Mwaka 1981 Mehta alimaliza wa tano katika Ubingwa wa Dunia wa madereva, ambao ulikuwa umeanzishwa mwaka 1979, na nchini Ajentina mwaka huohuo akawa wa pili. Kwa dereva aliyekuwa na makao Nairobi, mbali na viwanda na njia za mazoezi za Ulaya, hilo si jambo dogo, ingawa ushindi wake wote katika ngazi ya dunia ulibaki kuwa wa Safari.

Mwaka huohuo wa 1982 makundi ya namba yalianza kuondolewa na mahali pake pakaja herufi: N, A na B. Mawili ya kwanza yalitaka magari 5,000. La B lilitaka 200 tu. Kwa sharti hilo jepesi, viwanda vilipata ruhusa ya kuunda magari ambayo hayakuwa na uhusiano wowote na yale ya dukani isipokuwa jina na umbo la taa. Nissan, kama Datsun ilivyokuja kuitwa, ilitengeneza 240RS, na Mehta akaliendesha katika Safari ya mwaka 1983. Ushindi ulikwenda kwa Mfini Ari Vatanen katika Opel. Mfululizo ulikuwa umekatika. Miaka mitatu baadaye Kundi B lenyewe lilifikia mwisho wake kwa damu: mwezi Machi 1986 watazamaji waliuawa nchini Ureno, na mwezi Mei Henri Toivonen na mwelekezi wake Sergio Cresto waliungua katika gari lao kisiwani Corsica. Kundi hilo likapigwa marufuku kuanzia mwaka 1987.

Magari yenyewe hayakutupwa. Baadhi ya viwanda viliyapeleka katika mbio ndefu za jangwani, ambako makundi yalikuwa na sheria nyingine. Katika mbio za Mafarao nchini Misri, mwaka 1987, Mehta alipata ajali mbaya akiwa katika Peugeot 205 T16, gari lililozaliwa na Kundi B. Aliumia vibaya sana. Alipona kiasi cha kuishi na kufanya kazi, lakini hakushindana tena. Alikuwa na umri wa miaka 42. Dereva aliyekuwa ameijenga sifa yake juu ya kujua mahali pa kupunguza mwendo alimalizwa na jangwa, mahali ambapo macho hayaoni shimo hadi gari limo ndani yake.

Sehemu ya mwisho ya maisha yake haisimuliwi sana, nayo ndiyo ngumu zaidi kuipima. Aliingia katika utawala wa mchezo, na tangu mwaka 1997 aliongoza tume ya Shirikisho la Kimataifa la Magari, FIA, iliyoshughulikia mbio za aina hii. Mtu aliyewahi kushinda kwa kifungu cha kanuni sasa alikuwa miongoni mwa wanaoziandika. Zilikuwa nyakati za runinga. Wafadhili walitaka mbio fupi, zenye hatua zinazoweza kupigwa picha kwa helikopta, zinazoanza asubuhi na kwisha kabla ya chakula cha jioni. Gari liweze kutengenezwa mahali pamoja, na ratiba ifanane Finland, Australia na Kenya. Safari haikufanana na yeyote. Mwezi Julai 2002 Colin McRae wa Uskoti alishinda Safari katika Ford Focus, na baada ya hapo mbio hizo ziliondolewa katika Ubingwa wa Dunia kwa sababu za fedha na maandalizi. Aliyekuwa mwenye rekodi yake ndiye aliyekuwa mmoja wa wakubwa wa mchezo zilipoondolewa.

Wapo Wakenya ambao hawakumsamehe kwa hilo. Lawama hiyo ni kali kuliko inavyostahili. Mwenyekiti wa tume hana hazina ya nchi mfukoni, na mashindano yaliyoshindwa kulipa madeni yake hayaokolewi na kumbukumbu za mwaka 1979. Hata hivyo, haiwezi kukanushwa kwamba mpangilio mpya wa mchezo uliifanya Safari ionekane mgeni katika nyumba aliyosaidia kuijenga, na kwamba Mehta aliufahamu mpangilio huo kutoka ndani. Pengine hapa palikuwa na dakika nyingine za kuchagua mahali pa kuzitumia, na safari hii hesabu haikutoka.

Alipofariki mwezi Aprili 2006 zilikuwa zimebaki siku nne kufika Pasaka. Zamani, katika wiki kama hiyo, magari yangekuwa yamepangwa tayari jijini Nairobi yakisubiri bendera. Mwaka huo Safari ilikuwa mashindano ya bara la Afrika, na dunia haikuitazama. Mkenya wa mwisho kuishinda ilipokuwa mbio za dunia alikuwa Ian Duncan, mwaka 1994. Mwezi Juni 2021 Safari ilirudi katika Ubingwa wa Dunia, makao yake yakiwa Naivasha, na Mfaransa Sébastien Ogier akashinda katika Toyota. Barabara zilifungwa, ng'ombe wakazuiwa mbali, na mwendo wa mashindano ulikuwa zaidi kidogo ya kilomita 300. Muda hupimwa sasa hadi sehemu ya kumi ya sekunde.